Tinto Brass: mwanamke huru, jicho la mwanaume

Wengi wanamjua Tinto Brass, mwongozaji filamu wa Italia, kwa filamu yake Caligola ya 1979, na hapo anaonewa. Aliipiga picha, lakini alinyimwa uhariri, na mtayarishaji Bob Guccione akapachika humo vipande vya ngono asivyovipiga Brass. Kwa mtu aliyezoea kuhariri kazi zake mwenyewe, huko ni kunyang'anywa filamu. Asihukumiwe kwa hiyo.

Mtazame katika La chiave ya 1983. Ni Venice, mwaka 1940, enzi ya ufashisti wa Mussolini. Mume mzee anaandika shajara ya matamanio yake, anaifungia kwenye droo, kisha anauacha ufunguo mahali ambapo mkewe hakosi kuuona. Mke anasoma, naye anaanza kuandika yake. Wawili waliolala kitanda kimoja miaka mingi wanaambiana kwa maandishi yale ambayo midomo ilishindwa kuyatamka. Nje kuna sare nyeusi na amri. Ndani, mwanamke anagundua kwamba mwili wake hauna serikali. Brass anazijaza picha zake vioo, nguo za hariri na mwanga laini, kama mtu aliyelelewa kati ya michoro. Na ndivyo ilivyokuwa: babu yake, Italico Brass, alikuwa mchoraji, naye ndiye aliyempa jina la Tinto, kwa kumkumbuka Tintoretto, mchoraji wa kale wa Venice.

Hivyo wanaosema amewapa wanawake haki ya kutamani bila kuadhibiwa wana hoja nzito. Wanawake wake hucheka, huchagua, hawajutii.

Ila kila wanapojiangalia kiooni, kamera inatafuta kile anachokipenda Brass, hasa makalio, filamu baada ya filamu, hadi nyuso zinasahaulika. Uhuru wa mwanamke unaishia kufanana mno na ndoto ya mwanaume mmoja.

Linaloniumiza zaidi ni Paprika ya 1991. Inaingia ndani ya madanguro yaliyokuwa na leseni ya serikali, ambayo sheria ya Seneta Lina Merlin iliyafunga mwaka 1958, na inayakumbuka kwa furaha na rangi za sikukuu. Merlin alipigana miaka kumi kuwatoa wanawake kwenye nyumba zile. Brass, aliyeuona ufashisti vizuri kupitia dirisha la chumba cha kulala, hapa alishindwa kuuona mlango uliofungwa kwa nje.