Halua imenila Idi Mosi nzima

Haya, kabla hamjaendelea kusambaza ngoja niseme mwenyewe. Yule rafiki yangu (simtaji, anajijua, na halua yangu bado iko tumboni mwake) ameshaandika kwenye grupu la mtaa eti nimeonekana uwanja wa Maisara jana jioni nasali Idi ya mwakani, kanzu nimeivaa ndani nje. UONGO. Kanzu niliivaa sawasawa kabisa. Hayo mengine tutaelewana.

Kwetu kulikuwa na hadithi ya halua ya kata-usiku. Bibi alikuwa akituambia, usiku wa mwezi kuandama ukila tonge moja ukalala basi usiku unakatika, ukifumbua macho Idi hii hapa. Nadhani alitaka tu tulale apumzike. Sasa mie na ndevu zangu nikasema mwaka huu naipika.

Nyie mnaoiona kwenye kipakacha tu hamjui tabu yake. Wanga, sukari, samli, iliki, zafarani, halafu koroga, koroga, koroga, ukisimama ujikune tu imeshashika chini. Kungumanga bibi alikuwa anatia kidogo tu ya harufu, mie nikakwangua mbili nzima maana nilitaka mpaka jirani wa tatu ajue leo kuna mtu anapika. (Wazanzibari nshawasikia mnaguna. Najua. SASA najua.) Na kila nikikoroga naonja, si mfungo umekwisha, mkono hauna adabu tena. Saa tisa usiku ikaiva, nikajipakulia sahani na kahawa yangu, nikasema nijinyooshe kidogo nisubiri alfajiri.

Nimefumbua macho, chumba kina kiza kile cha kupambazuka. Simu inasema 6:14. Saa kumi na mbili na robo! Nikaruka kitandani kama nimemwagiwa maji. Simu ilikuwa sailenti, misdi kolo kumi na tisa, moyoni nikasema mashaallah watu wananipenda, wote hawa wanataka kunipa mkono wa Idi. Nikasali alfajiri yangu mbio mbio, nikaoga, kanzu mpya, kofia ya viua, udi mpaka kwenye soksi, nikatoka.

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndo ninapotaka kufa.

Nakaa Vuga, kwa hiyo Maisara lazima nipite Mnazi Mmoja. Napita, watoto wamejaa, nguo mpya zina madoa ya aiskrimu, maputo yamenywea, mmoja kalala begani kwa baba yake. Nikamwambia yule baba, "Idi mubarak, mbona mnarudi, hamsali?" Akanitazama tu. Mie nikasikitika, nikasema watoto wa siku hizi, hata jua halijatoka washakula aiskrimu.

Jua. Jamani jua. Nimefika Maisara nikaliona lile jekundu, kubwa, liko juu ya bahari. Wallahi nilisimama nikalitazama nikasema subhanallah, leo jua linatokea baharini. Mie mzaliwa wa Unguja! Tangu nazaliwa jua linazama upande ule, lakini kichwa kilikuwa na kungumanga mbili, na kungumanga ikizidi inalevya.

Uwanja mtupu. Nikafurahi, leo nimewahi safu ya mbele. Nikatandika msala katikati ya uwanja, peke yangu, nikaanza takbira. Kwa sauti. Kuna vijana walikuwa wanacheza mpira, wakaacha. Mpira ukaja taratibu, ukagusa msala, hakuna aliyekuja kuuchukua.

Ikaadhiniwa. Nikajiuliza, sala ya Idi tangu lini ina adhana? Labda alfajiri, yule muadhini naye kachelewa kama mie. Basi nikakaa naisubiri ile ya alfajiri tu, "sala ni bora kuliko usingizi". Nikasubiri. Adhana ikaenda mpaka mwisho, ikanyamaza, haikuja. Hapo ndipo nikahisi kitu baridi kinashuka mgongoni. Nikageuka, lile jua halipo. Mzee mmoja kapita na birika lake la kahawa, akasimama, akanitazama kofia mpaka viatu, akasema kwa upole kabisa, "Mwanangu, unasali Idi ipi, ya mwakani?"

Sikumjibu. Nilikunja msala kama mtu aliyepotelewa na ufunguo chini yake, yaani nilikuwa nainua pembe moja moja naangalia chini, ili vijana wadhani natafuta kitu. Kijana mmoja, Mungu amlaani kidogo tu, akaja kunisaidia kutafuta.

Yaliyobaki ni ya kawaida. Mama alishapiga mpaka kwa sheha akidhani nimekufa, wali wa mchana kala shemeji, matusi nimeyapokea kwa simu nikiwa nimesimama. Huyo rafiki kaja usiku kucheka, kaondoka na sahani mbili, nimemwambia asile zote kwa mkupuo, hajasikia, na tangu saa nne asubuhi ya leo hapatikani kwa hiyo naandika haya kwa raha zangu.

Watoto wa mtaa ndo wamenimaliza. Wamegonga mlango asubuhi hii ya Idi Pili, nimewapa sikukuu zao, wakabaki wamesimama pale pale. Nikawauliza vipi tena. Mkubwa wao akasema, "Ami, hiyo ni ya leo. Ya jana ulikuwa hujafika."

Nimetoa.