Msamati hakuanzia London

Kila mwigizaji Lucian Msamati anapotokea kwenye tamthilia mpya, Watanzania tulioko huku Uingereza tunatumiana picha zake kwa fahari. Ni haki yetu: wazazi wake ni Watanzania, ingawa yeye alizaliwa hapa mwaka 1976 na kukulia Zimbabwe. Ninachokataa ni hitimisho linalofuata, kwamba anayetaka kuigiza kwelikweli aondoke Bongo aje Ulaya.

Tazameni alivyoanza. Mwaka 1994, Harare, yeye na wenzake walianzisha kundi la maigizo la Over the Edge. Kundi dogo halikuruhusu kuchagua: watu wachache, nafasi nyingi, leo mfalme, wiki ijayo mlevi. Alipohamia Uingereza miaka ya 2000 alikuwa tayari ni fundi.

Uingereza ilimpa mfumo, na huo ndio wa kuuonea wivu. Mazoezi yanalipwa. Kwenye kumbi kubwa huchukua wiki kadhaa, na siku za mwanzo mara nyingi ni za kukaa mezani na kuchambua maneno kabla ya mtu kusimama. Siku za mwisho ni za taa na sauti, mwigizaji anarudia hatua tatu zilezile mchana kutwa mpaka taa ikae sawa. West End, eneo la kumbi kubwa za maigizo London, ratiba ya kawaida ni maonyesho 8 kwa wiki. Asiyejua kupumua kwa tumbo, koo linamwisha mapema.

Mwaka 2015 akawa mwigizaji wa kwanza Mweusi kucheza Iago, askari anayemwangamiza jemadari wake Mweusi katika Othello ya Shakespeare, kwenye kampuni ya maigizo ya Royal Shakespeare. Othello alichezwa na Hugh Quarshie, naye Mweusi. Hapo chuki ya Iago haikuweza tena kuelezwa kwa rangi peke yake. Ikabidi itoke kwenye cheo alichonyimwa akapewa Cassio, kijana asiye na uzoefu wa vita. Nafasi ileile ya miaka 400 ikasomeka upya. Mwaka uliofuata akawa Salieri, mtunzi wa muziki anayemwonea wivu Mozart katika tamthilia ya Amadeus, pale National Theatre, katika ukumbi wa viti zaidi ya 1,100, nafasi ya mtu ambaye karibu hatoki jukwaani na anazungumza na watazamaji moja kwa moja, huku okestra ikipiga pembeni yake. Kisha mtazameni kama Ed Dumani katika tamthilia ya televisheni ya Gangs of London (2020). Kamera iko karibu na uso. Sauti ya kujaza ukumbi ingekuwa kelele. Anapunguza kila kitu, anabakiza macho. Na mwaka 2024 alikuwa kardinali kutoka Nigeria kwenye filamu ya Conclave, na mwaka huohuo yuko West End akicheza Estragon katika tamthilia ya Waiting for Godot. Upana wa namna hiyo hauji kwa kipaji peke yake.

Nyumbani tunakosea wapi? Bongo Movie nyingi zilipigwa kwa siku chache, mwigizaji akielezwa kisa palepale na kuambiwa ajaze maneno mwenyewe. Akifanya vizuri, anaitwa tena kwa nafasi ileile: tajiri, mama mkwe, mganga. Miaka inapita hajawahi kutafuta mtu mwingine ndani yake. Jukwaani pesa nyingi zimetoka kwa wafadhili, hivyo igizo ni la malaria au ukimwi, linachezwa mara chache na kufa na bajeti yake.

Huku nako si peponi. Wakala hukata asilimia 10 hadi 15, miezi inapita bila simu, na kodi ya nyumba London haisubiri. Ukiwa Mwafrika, usaili mwingi ni wa mkimbizi au dikteta.

Kwa hiyo kijana aliyehitimu TaSUBa, chuo cha sanaa pale Bagamoyo, asihesabu nauli ya ndege. Waigizaji watano, tamthilia tatu, ukumbi mmoja, wapokezane nafasi kwa miezi mitatu. Katika bajeti, posho ya mazoezi iandikwe kabla ya mavazi na mabango, maana asiyelipwa mazoezini atakwenda kutafuta riziki kwingine na atakuja usiku wa onyesho hajui mwenzake anasimama wapi. Na onyesho la kwanza likikosa watu, lisifungwe. Ni baada ya kulirudia igizo mara nyingi mbele ya watu ndipo mwigizaji anajua wapi pa kunyamaza.