Tuta la Gamba na maji ya bamvua

Kila barabara ya Lamu inapokatika pale Gamba na Lango la Simba, kwenye delta ya mto Tana unapotawanyika kabla ya kuingia baharini, kama ilivyokatika mwishoni mwa 2023 na tena katika mafuriko ya 2024, mizigo inakwama, abiria wanavushwa kwa mashua, na barazani kauli inarudi ile ile: maji ya Tana yanapotea bure baharini huku sisi tunakula mchele wa Pakistani. Mto ujengewe matuta, kinamasi kikaushwe, ardhi ilimwe.

Wanaosema hivyo wana haki ya kusikilizwa. Mchele wa Kenya unatoka zaidi mashamba ya umwagiliaji ya Mwea, na hautoshi; sehemu kubwa ya tunaoula unakuja kwa meli. Kilimo cha mafuriko nacho kina roho mkononi. Maji yakija mapema mno, miche inazama. Yakichelewa, inakauka shambani. Kuna miaka mkulima wa Ngao au Wema anapanda mara mbili na asivune hata mara moja. Mwenye kijana asiye na kazi pale Garsen hawezi kulaumiwa akiutazama mradi mkubwa kwa matumaini.

Ila hilo neno “bure” linanisumbua, kwa sababu linadai kwamba kabla ya trekta hapakuwa na kazi pale. Wapokomo wamelima kingo hizo kwa karne nyingi kwa kuufuata mto: maji yanapanda baada ya masika na tena baada ya vuli, yanaacha tope, na mpunga unawekwa kwenye unyevu ule yakianza kushuka. Ndizi na maembe vinakaa juu ya kingo, kambare wanavuliwa kwenye madimbwi yaliyobaki. Jua likikaza, Waorma wanateremsha ng'ombe kupitia malka, zile njia za mifugo za kufikia maji, na majani ya delta ndiyo akiba yao ya mwisho nyika nzima inapokauka. Si kwamba waliishi bila ugomvi. Lakini kila mtu alijua msimu wake.

Tena watu hawa hawakuogopa kuchimba. Mfereji wa Belezoni ulichimbwa karne ya 19, enzi za masultani wa Witu, kuunganisha Tana na mto Ozi ili mashua zenye nafaka zishuke hadi Kau na Kipini bila kuzunguka baharini. Ulikuwa mtaro tu. Mto ukaupenda, ukaupanua, na kufikia mwanzo wa karne ya 20 maji mengi ya Tana yalikuwa yakitokea Kipini, umbali mrefu kutoka mlango wake wa zamani. Mhandisi yeyote anayepeleka ramani yake Garsen angefaa aanze na habari hiyo.

Jambo ambalo naona halijaeleweka kabisa huku kwetu ni kilimo cha Ozi. Kijiji hiki kiko karibu na mlango wa mto, juu kidogo ya Kipini, na mpunga wake unanyweshwa na mwezi. Bamvua likifika, yaani maji makubwa ya mwezi mpevu na mwezi mchanga, bahari inajaa na kuuzuia mto usitoke. Maji matamu yanarudi nyuma, yanapanda, yanaingia majarubani, vile vipande vya shamba la mpunga, kwa vifereji vya jembe. Bahari yenyewe haifiki shambani, kazi yake ni kusukuma. Maji yakipwa mkulima anaziba kifereji akihifadhi, au anakiacha wazi akitaka jaruba lipungue. Wakati wa maji mafu, bahari isipojaa sana, anangoja. Hakuna dizeli, hakuna bili. Sisi wa visiwani, tunaohesabu bamvua kwa ajili ya kuvua na kupitisha vyombo mikondoni, tulipaswa kuwa wa kwanza kuuelewa ufundi huo, na sijui kwa nini tunauita kilimo cha kizamani.

Sasa, ufundi wote huo unasimama juu ya sharti moja: mto uwe na nguvu ya kubaki mbele ya chumvi. Mto ukidhoofika, bamvua lile lile lililokuwa linaleta maji matamu linaleta maji ya bahari. Na Tana umedhoofishwa kwa awamu. Bwawa la Kindaruma lilianza 1968, Kamburu 1974, Gitaru 1978, Masinga 1981, Kiambere 1988. Masinga peke yake lilijengwa liweze kushika zaidi ya mita za ujazo bilioni 1.5. Umeme tumeupata, sikatai, na taa za Malindi zinawaka. Lakini mabwawa yanashika hasa yale mafuriko ya kati ambayo mkulima aliyategemea, huku yale makubwa ya El Niño yakipita juu yake na kuja kutubomolea barabara. Huko chini, wakulima wa Ozi na Kilelengwani wanalalamika kwamba chumvi inapanda mto na kuua mpunga. Chumvi ikishaingia jarubani haitoki na maji ya siku ile. Inakaa udongoni, na mvua moja haiiondoi. Kwa hiyo yale tunayoambiwa yanapotea bure baharini ndiyo yanayoizuia bahari isipande. Yakiondolewa mtoni kwa ajili ya shamba la juu, shamba la chini linalipa, na hesabu hiyo ni nadra kuiona kwenye karatasi za mradi.

Tuta lenyewe tumeshalijaribu. Mwishoni mwa miaka ya 1980 TARDA, mamlaka ya serikali ya maendeleo ya mito Tana na Athi, kwa mkopo wa Japani, ilianza kuzungushia ardhi ukuta wa udongo karibu na Gamba ili mpunga ulimwe kwa mifereji na milango ya maji. Awamu ile ililenga hekta 2,000 hivi. Ukuta ulipoyazuia mafuriko, uliyazuia pia na samaki na tope, na ukakata njia za ng'ombe. Kisha mvua za El Niño za 1997 zikaja, mto ukavunja tuta na mifereji, na shamba likalala miaka. Hatimiliki, hata hivyo, haikuvunjika: TARDA ilibaki na ardhi ya zaidi ya hekta 28,000. Mara kumi na zaidi ya lile shamba la mpunga! Kwa jicho langu hapo ndipo penye kidonda, kuliko hata pale tuta lilipobomoka.

Mwaka 2008 ukaja mpango wa miwa na kampuni ya Mumias, takriban hekta 20,000, na kesi yake ikafika Mahakama Kuu Malindi. Haukuendelea. Septemba 2012 hekta 163,600 za delta ziliingizwa katika orodha ya Ramsar, ile ya kimataifa ya vinamasi vya kulindwa, wiki chache tu baada ya watu zaidi ya 50 kuuawa katika kijiji cha Riketa, humo humo deltani, katika vita vya Wapokomo na Waorma. Kuna sababu nyingi za vita vile, zikiwemo za kura, lakini ardhi ya ukingoni ilikuwa imeshabanwa.

Wapenda ndege, wanaotaka delta ihifadhiwe, nao sitawaachia. Wakati mwingine wanaiandika delta kana kwamba ni pori lisilo na jembe, na mkulima ni mgeni wa viboko. Uamuzi wa mahakama wa 2013, uliotaka wenyeji washirikishwe katika mpango wa matumizi ya ardhi, ulikuwa na busara kuliko pande zote mbili.

Basi nikiulizwa, nasema mpunga ulimwe zaidi Tana, lakini si kwa kuukausha mto. Vifereji viimarishwe, barabara ya Gamba ipewe madaraja ya kupitisha maji badala ya kuwa tuta jingine, malka zipimwe na kuandikwa. Na kwa lile bwawa la High Grand Falls linalozungumzwa miaka na miaka, watakaolileta watuambie kwanza litaachia maji kiasi gani, na katika miezi ipi.