Tumbo langu, hela yangu, ila kwenye maamuzi simo

Jamani mi nina malalamiko na hili tumbo. Hela ya kula natafuta mimi, jua linanipiga mimi, foleni kwa mama ntilie nakaa mimi, halafu tonge likishapita kooni tu mwenye mali sina sauti tena. Hebu fikiria, safari nzima ya chakula mtu una mamlaka sehemu mbili tu, pale unapoamua kumeza na pale getini mwisho kabisa, hapo kati mambo yanajiendea yenyewe wala hakuna anayekuuliza.

Umio, lile bomba la kushushia chakula toka kooni, sina ugomvi nao sana, kasentimita 25 tu hivi na kanajua kazi. Ugali haudondoki tu humo, misuli inausukuma, ndo maana hata ukining'inia miguu juu utafika tumboni (usijaribu lakini, usije ukaniletea kesi). Shida ni kale kamlango ka chini yake kanakotakiwa kujifunga chakula kikishaingia. Kangu sijui kalifungwa na fundi gani. Nipige chipsi mayai usiku, nijilaze kidogo tu, tindikali hiyooo inapanda, kifua chote moto. Na kinachoniuma, tumbo lenyewe limejipaka ute kuta zote lisiungue, mwenye nyumba huku juu kaachwa aungue peke yake, na wife pembeni anauliza "baba nanii, si ulisema hujashiba?"

Halafu lina ubaguzi. Uji wa asubuhi linausukuma fasta, saa nne huna kitu, ila chapati za mafuta linakaa nazo masaa na masaa. Na likibaki tupu halinyamazi, kila baada ya saa moja na nusu au mbili linajikamua kusukuma mabaki, ndo ile ngurumo inayotokea kikao kizima kimekaa kimya na bosi ndo anaongelea kubana matumizi. Ukija kulipatia chai na maandazi sasa, huku chini utumbo mpana nao unashtuka, ushaanza kusukuma ya jana nje, na mi naishi nyumba ya kupanga, choo kimoja, muda huo kuna mtu kaingia humo na simu.

Ila haya yote nasamehe, maharage ndo sisamehi. Maharage yana sukari fulani ambazo mwili wetu hauna kimeng'enya cha kuzivunja, kwa hiyo zinapita utumbo mwembamba wote, mita kama 6, hazijaguswa, mpaka utumbo mpana kwa bakteria. Wao ndo wanasherehekea. Nimenunua mimi, wanakula wao, mi narudishiwa gesi!

Na angalia walivyopanga muda. Sahani ya saa saba mchana inawafikia jionijioni, yaani muda uleule nimebanwa kwenye daladala ya Gongo la Mboto, mvua inanyesha, madirisha yote yamefungwa, mkono mmoja uko kwenye bomba, mwingine umekumbatia begi, na konda anapiga kelele "rudi nyuma, nyuma kweupe!" Hapo ndo nakumbuka nina mamlaka getini, nikabana nikabana, jasho linanitoka mpaka kwenye nyusi, tukafika kwenye tuta dereva wala hakushika breki.

Wataalamu wanasema gesi hiyo sehemu kubwa wala hainuki, kinachonuka ni kile kidogo tu chenye salfa. Hicho kidogo jamani! Watu wote wakageuka kumwangalia mtoto mchanga aliyebebwa na dada mmoja siti ya mbele, na mimi nikageuka kumwangalia, tena nikatikisa kichwa kabisa. Yule dada akasimama "mnamwangalia nini mwanangu, huyu ana miezi mitatu, ananyonya tu, hii ni ya mtu mzima kala maharage!"

Kimya. Konda akagonga bati "wazee fungueni madirisha, bora tulowe."