Mwanamke wa Bukini ana nguvu kweli? Inategemea na kwao

Stori za wanawake wa Madagaska (ndo Bukini yenyewe) zikianza tu lazima atokee mtu wa kutaja malkia, eti wale walishatawaliwa na wanawake zamani hizo kwahiyo habari za haki za wanawake hawana cha kufundishwa. Na kweli, karne ya 19 pale Imerina, ule ufalme wa nyanda za juu, walikaa malkia wanne, Ranavalona wa kwanza peke yake alishika nchi kuanzia 1828 mpaka 1861 na hakuwa wa mchezo, Wakristo waliokuwepo enzi zake walikiona cha moto. Wakafuata Rasoherina, Ranavalona wa pili na wa tatu, huyu ndo Wafaransa walimng'oa 1897 wakampeleka uhamishoni. Sasa kuna kitu watu wanakiruka, hao watatu wa mwisho wote waliolewa na mwanaume yuleyule, waziri mkuu Rainilaiarivony, mmoja akifa anamwoa anayefuata, na serikali anaiendesha yeye. Hapo nani alikuwa anatawala?

Hata tromba, ile ya watu kupandwa na mizimu ya wafalme, ni hivyohivyo (Wazanzibari mnaojua ngoma ya kibuki mtanielewa haraka). Mwanamke akipandwa na mfalme wa Kisakalava aliyekufa zamani, wazee wazima wanampigia magoti wanamuuliza mambo mazito, mzimu ukishuka tu mwanamke anarudi kuwa mama fulani wa mtaani. Kwahiyo hoja ya malkia mi siipi uzito.

Nguvu yenyewe iko nyumbani, na hapa wanaowasifia wana pointi. Mume akimkosea sana, mke anafunga virago anaenda kwao, na sio kususa tu kama tunavyojua huku kwetu, ni haki yake iliyoandikwa kwenye sheria ya ndoa, wanaiita misintaka, anaweza kukaa kwao mpaka miezi miwili na hakuna wa kumwambia katoroka ndoa. Mwanaume ndo anahangaika sasa, inabidi atafute wazee wake waende ukweni, aombe radhi mbele za watu, aahidi kwamba hatarudia. Hebu mfikirie, juzi alikuwa anafoka ndani ya nyumba yake, leo kainamisha kichwa ukweni anasubiri wenyewe waamue kama wanamrudishia mke au la. Halafu kwenye nyumba nyingi za nyanda za juu hela anashika mke. Utafiti wa lugha uliofanyika vijijini huko miaka ya 1970 ulikuta hata kugombana kwa bei sokoni na kumpasha mtu ukweli wake kunaachiwa wanawake, wanaume wao wanataka maneno ya kuzungukazunguka, wenyewe wanaona ndo ustaarabu. Inachekesha lakini ina upande wa pili, maana hayohayo maneno ya kuzunguka ndo hotuba za kabary, ndo zinazozungumzwa kwenye posa, mazishi na siasa, yaani mwanamke kaachiwa soko na mwanaume kabaki na jukwaa.

Ukichimba unakuta vyote vinatoka sehemu moja: mwanamke akiolewa haachi kuwa mtu wa kwao. Ndo maana anaweza kurudi, na sehemu nyingi akifa anaweza kuzikwa kwenye kaburi la ukoo wake. Safi kabisa. Ila geuza sasa, kama yeye ni wa kwao basi kwa mume ni mgeni, na sheria ya mirathi ya 1968 imeliweka hilo wazi bila aibu, mjane anakaa namba 8 kwenye foleni ya warithi, wanatangulia watoto, wazazi, ndugu na wengineo. Anabaki na sehemu yake ya mali waliyochuma pamoja, na hata hiyo zamani ilikuwa theluthi moja, theluthi mbili za mume, desturi ya kitay telo an-dalana, mpaka sheria ya 1990 ilipoleta nusu kwa nusu. Na hiyo nusu ni kwa waliosajili ndoa, walioolewa kimila bila karatasi wanaangalia tu.

Utaniambia basi si atarithi kwao? Kwenye karatasi ndio, mtoto wa kike na wa kiume sawa. Ila sheria hiyohiyo inauruhusu ukoo ukubaliane kumpa binti hela badala ya ardhi, na huko kusini kwenye ufugaji, ng'ombe na ardhi vinaenda kwa wanaume. Kwahiyo huku mgeni, kule anasubiri huruma ya kaka zake.

Ndo maana nikisikia mtu anasema misintaka inatosha, nauliza anarudi wapi? Karibu mabinti 4 kati ya 10 wanaolewa kabla ya miaka 18 japo sheria inakataza, na kama wazazi walishapokea mahari wakaila, huyo binti akirudi analia atapokelewa au atasindikizwa usiku huohuo? Huko Androy, kusini kabisa, wakati wa kere, ile njaa ya ukame, nyumba ya baba yenyewe haina chakula.

Upande wa serikali hawajalala sana, tangu 2017 mama anampa mtoto uraia sawa na baba, na 2020 ikaja sheria ya ukatili wa kijinsia inayogusa hadi ubakaji ndani ya ndoa. Utoaji mimba ndo umegoma, mwaka 2017 hata ule wa kuokoa maisha ya mama maseneta waliukata.

Wanaosema sheria ya mjini haifiki kijijini nawaelewa, na misintaka nisingeigusa kabisa, ni bora kuliko vingi tulivyonavyo huku. Lakini ningekuwa mbunge Antananarivo ningeanza na ile namba 8, maana mume akishakufa hakuna wa kwenda ukweni kuomba radhi, na shemeji anayetaka shamba hahitaji kumpiga mtu, anasubiri msiba tu.