Pweza anayejitafuna minyiri: homoni, maradhi au maumivu?

Katika miamba ya Tanga, kuanzia Sahare hadi Kigombe, mchokoaji, yaani mvuvi anayewatoa pweza matunduni, akitoa pweza mwenye mnyiri uliokatika, jibu huwa tayari mdomoni: njaa ilimzidi, akajila. Wagiriki wa kale walisema hivyohivyo, na Aristotle akawapinga, akidai kuwa wakata minyiri ni mikunga. Kwa pweza wengi wenye kigutu kimoja, hoja ya Aristotle ndiyo yenye nguvu. Mnyiri uliokatwa na mkunga hukatika mara moja, ngozi iliyobaki ni nzima, rangi inabadilika kama kawaida, na baadaye mnyiri huota upya. Anayejila ana alama nyingine: ncha za minyiri kadhaa zimegugunwa, ngozi imechubuka na vidonda havifungi, rangi imepauka.

Kujila si jambo jepesi kwa pweza, maana ngozi yake mwenyewe inamkataza. Mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Hebrew, Jerusalem, walionyesha kuwa mnyiri uliokwisha kukatwa huendelea kushika vitu, lakini haushiki ngozi ya pweza. Ukipewa kipande cha mnyiri kilichochunwa ngozi, unakidaka. Yaani kizuizi kimo ndani ya ngozi, na lazima kuwe na kitu kinachokishinda.

Wanaosema ni homoni wana ushahidi mzito. Mwaka 1977 mtafiti Jerome Wodinsky aliwafanyia upasuaji majike waliokuwa wakiatamia mayai, akawaondolea tezi mbili ndogo, moja kila upande, zilizo kati ya jicho na ubongo. Wakayaacha mayai, wakarudi kula, wakaishi zaidi ya wenzao. Mwaka 2022 Z. Yan Wang na Clifton Ragsdale, pamoja na wenzao, wakaonyesha kuwa baada ya kujamiiana tezi hizo hubadilisha namna zinavyotumia kolesteroli, na 7-dihidrokolesteroli hupanda. Kwa binadamu kemikali hiyo ikizidi kutokana na ugonjwa wa kurithi, wagonjwa wengi hujiumiza. Hapo tuwe waangalifu: ufanano huo unafanya kemikali hiyo ishukiwe sana, ila hauthibitishi kwamba ndiyo inayompeleka pweza kwenye minyiri yake.

Homoni za uzazi, hata hivyo, hazitoshi kueleza kila anayejila. Mwaka 1998 mtafiti Budelmann alieleza kujila kwa pweza waliofugwa kama jambo linaloonekana kuambukiza: dalili huja baada ya wiki 1 hadi 2, na pweza hufa ndani ya siku 1 au 2 tangu aanze kujitafuna. Kwa mfugaji hii ina maana ya vitendo. Ukiona ncha moja imegugunwa, mtenge huyo pweza siku hiyohiyo, usimwage maji yake kwenye tangi jingine, wala usitumie wavu uleule. Ukimwachia ukidhani ni uzee, unaweza kupoteza wote.

Maumivu nayo yana nafasi yake. Katika majaribio ya mtafiti Robyn Crook ya mwaka 2021, pweza waliodungwa asidi chini ya ngozi walichubua kwa mdomo pale palipouma. Walipopewa dawa ya ganzi, wakaacha. Kwa maoni yetu, homoni ndiyo maelezo bora kwa jike anayeatamia na dume aliyezeeka, lakini kwa pweza mchanga aliye tangini, tafuta kwanza maradhi na kidonda.

Kwa Tanga ubishi huu una uzito wake bamvua likifika, maji yanapokupwa mbali na miamba kuachwa wazi. Wapo wanaosema jike anayeatamia atakufa tu, na nyama yake inazidi kudhoofu kwa kuwa ameacha kula, basi heri achukuliwe mapema. Hesabu hiyo ni kweli kwa pweza mmoja. Lakini jike wa pweza wetu wa miambani huatamia kwa takriban mwezi mmoja, akiyasafisha mayai na kuyapulizia maji, na akitolewa katikati ya muda huo mayai huharibika au huliwa na samaki. Kujitafuna huja mwishoni. Akiwa bado mzima nyuma ya mawe aliyozibia tundu, kazi yake haijaisha. Uzito wa chini wa gramu 500 uliowekwa kisheria haumkingi, kwa sababu anapotaga huwa amekwisha kuuvuka. Anayemkinga ni mchokoaji anayeyaona mawe hayo mlangoni na kuhamia tundu jingine, au kijiji kinachofunga mwamba wake kwa miezi kadhaa.