Annie Ernaux hana deni la mapambo

Annie Ernaux alipotunukiwa Nobeli ya Fasihi mwaka 2022, Mfaransa wa kwanza mwanamke kuipata, wapo walionung'unika kwamba huyu mama anajiandika mwenyewe tu, tena kwa lugha kavu. Kwangu mimi, ukavu huo ndio heshima kubwa kuliko zote alizowapa wazazi wake.

Alizaliwa 1940 Normandy, kaskazini mwa Ufaransa, akakulia mji mdogo wa Yvetot, ambako wazazi wake walikuwa na duka la vyakula na mkahawa chini ya paa moja. Baba aliachishwa shule angali mtoto akafanye kazi za shamba. Baadaye akawa kibarua wa kiwandani. Binti akasoma, akawa mwalimu wa fasihi, akaolewa na kijana wa familia yenye nafasi. Kadiri alivyopanda, mazungumzo na baba yake yalizidi kupungua.

Baba alifariki 1967, muda mfupi tu baada ya binti kufaulu mtihani wa ualimu. Kitabu chake juu ya baba huyo, La Place, kilitoka 1983, na humo anatamka wazi kuwa maisha yaliyobanwa na shida hana haki ya kuyageuza pambo. Kisha anatuonyesha pochi ya marehemu. Ndani mna kipande cha gazeti chenye majina ya waliofaulu kuingia chuo cha ualimu, na jina la pili ni la binti yake. Basi, anaendelea na mengine! Yeyote aliyesomeshwa na mzazi asiyesoma anajua uzito wa karatasi ile, hahitaji kuelezwa.

Ujasiri huohuo umo katika L'Événement (2000), kuhusu mimba aliyoitoa akiwa mwanafunzi, miaka ambayo Ufaransa ilikuwa ikiwafunga wanawake kwa jambo hilo. Sheria ililegezwa 1975. Anataja hata malipo, faranga 400, kwa sababu umaskini nao ulikuwa sehemu ya hatari. Wanaoona ni aibu kusimulia hayo wanataka aibu ibaki kwa msichana peke yake, na hilo silikubali.

Na hiyo lawama ya kujiandika? Katika Les Années (2008) neno "mimi" linakaribia kutoweka kabisa: anajiita "yeye", na kumbukumbu zake zinachanganyika na nyimbo, matangazo ya biashara, chaguzi na vyakula vya mezani vya kizazi kizima cha Wafaransa waliokua baada ya Vita vya Pili vya Dunia.